Sheria imeniruhusu kuwa na bunduki ya kijeshi nyumbani. Je, dini inasemaje?

SWALI

Assalaam alaykum Sheikh. Nchi ninayoishi inamruhusu raia mwenye leseni kununua bunduki ya muundo wa kijeshi, zile zenye magazini ya risasi 30. Msikiti wetu umeletewa barua za vitisho mara mbili mwaka huu, na baadhi ya ndugu tunaosali nao wameshanunua. Mimi leseni ninayo na pesa ninazo. Mke wangu hataki hata kuisikia. Anasema siku itakayoingia ndani, yeye hatalala. Tuna watoto watatu. Mkubwa ana miaka 16, na tangu mwaka jana amekuwa mtu wa kujifungia chumbani, hazungumzi na mtu. Nimewaza kwamba nikimfundisha kulenga shabaha huenda akachangamka. Je, ni halali kumiliki silaha kama hii? Na si wajibu wangu kuilinda familia yangu na nyumba ya Mwenyezi Mungu?

JIBU

Wa alaykum salaam warahmatullahi wabarakatuh, ndugu yangu. Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad, jamaa zake na sahaba zake.

Nianze na lile jepesi. Kumiliki silaha kwa asili yake ni halali. Amr bin al-Harith (R.A.), katika hadithi aliyoipokea Bukhari, ametuambia kwamba Mtume (S.A.W.) alipofariki hakuacha dirhamu wala dinari; aliacha nyumbu wake mweupe, silaha yake, na ardhi aliyoitoa sadaka. Kwa hiyo silaha ilikuwemo nyumbani mwa mbora wa viumbe. Masahaba nao walikuwa na panga, mikuki na pinde majumbani mwao. Anayekwambia kwamba chuma chenyewe ni haramu hana dalili.

Na haki ya kujilinda pia ipo. Mtu alimwendea Mtume (S.A.W.) akamuuliza: itakuwaje akija mtu kutaka kuchukua mali yangu? Akamwambia usimpe. Akipigana nami? Pigana naye. Akiniua? Wewe ni shahidi. Nikimuua? Yeye ni wa motoni. Hadithi hii iko katika Sahihi Muslim, na kila anayetetea bunduki anaijua kwa moyo. Sawa. Lakini mafaqihi, wanazuoni wa sheria ya dini, walioieleza hawakuishia hapo. Katika mlango wa kumzuia mshambuliaji waliweka sharti la kuanza na lililo jepesi kisha jepesi linalofuata: akiondoka kwa ukelele, usimpige, akizuilika kwa mkono, usichukue fimbo, akizuilika kwa fimbo, usichomoe upanga. Haki ya kujilinda ina ngazi, na anayeruka moja kwa moja mpaka ngazi ya juu bila dharura anadhamini alichokiua.

Sasa tuitazame silaha uliyoitaja, kwa sababu hukumu ya kitu huanza kwa kukijua. Bunduki hizi ni ndugu wa tumbo moja na zile za jeshini. AR-15, iliyo maarufu kuliko zote, ilibuniwa na kampuni ya ArmaLite mwishoni mwa miaka ya 1950, na ikazaa M16 ya jeshi la Marekani. Tofauti kubwa kati yao ni kwamba ile ya askari inaweza kumimina risasi mfululizo mtu akishikilia triga, na ya raia hutoa risasi moja kila triga inapovutwa. Watu hubishana sana kuhusu rangi nyeusi, mkono wa kukunja na kitako cha kurefusha. Fiqhi haina shughuli na sura. Inauliza: kikitumika kinafanya nini? Risasi yake hutoka kwa kasi ya zaidi ya mita 900 kwa sekunde, ukuta mwembamba wa bodi hauizuii, na nyuma yake zinasubiri nyingine 29.

Hapo ndipo ule mlango wa ngazi unapokuwa na maana. Mwizi yuko sebuleni usiku, wewe uko ukumbini gizani, moyo unadunda, na nyuma ya ukuta ulio nyuma ya mwizi analala mwanao wa mwisho. Risasi ikipita ikamfikia, dini haitakuuliza kama ulikuwa na leseni. Itakuuliza kafara ya kuua kwa makosa, iliyo katika Suratun Nisaa aya ya 92: mtumwa wa kumwacha huru, na asiyempata afunge miezi miwili mfululizo. Juu yake kuna diya, yaani fidia ya damu, ila wenye haki wakisamehe. Na hata wakisamehe, utaishi na hilo.

Najua utaniletea aya ya 60 ya Suratul Anfal, "Na waandalieni nguvu kadiri muwezavyo", na kauli ya Mtume (S.A.W.) kwamba nguvu hiyo ni kulenga shabaha. Zote ni haki. Lakini wanaoambiwa pale ni umma ulio chini ya uongozi mmoja, mbele ya adui anayejulikana. Si kila baba sebuleni kwake. Na anayeisoma aya hiyo asiruke ile isemayo "wala msijitie kwa mikono yenu katika maangamizo".

Kuhusu sheria: wewe umeishi katika nchi hiyo kwa mkataba, na Mwenyezi Mungu amesema "timizeni mikataba". Sheria inapokataza, hilo linakufunga. Kubadili bunduki ya raia ili imimine kama ya askari pale sheria inapokataza ni kuvunja ahadi, na ni dhambi hata asijue mtu. Lakini sheria inaporuhusu, haikuamrishi. Na ruhusa hizi hubadilika. Marekani walipiga marufuku kutengeneza na kuuza mpya za nyingi ya bunduki hizi mwaka 1994, marufuku ikaachwa iishe mwaka 2004, na sasa kila jimbo lina lake. Ungekuwa kule ukaniuliza mwaka 1995, ungesema sheria inakataza kununua mpya. Je, watoto wako wangekuwa watoto wengine? Halali na haramu haziwezi kupanda na kushuka na kura za bunge. Leseni inamjibu polisi. Mimi umeniuliza jambo jingine.

Nije kwenye msikiti. Sitaidharau khofu yenu. Tarehe 15 Machi 2019, siku ya Ijumaa, mtu aliingia misikiti miwili ya Christchurch, New Zealand, akaua waumini 51. Katika msikiti wa kwanza mmoja wa waumini alimpokea mlangoni kwa kumwita ndugu. Kila nikipanda mimbari na mlango ukafunguliwa kwa kishindo, nafsi yangu hukumbuka. Lakini ukumbuke pia kwamba muuaji yule alikuwa na leseni. Mlango wa sheria unaotaka kupita wewe ndio aliopita yeye, na bunduki zake zilikuwa za aina hii hii. Wabunge wa New Zealand walipitisha sheria ya kuziondoa mikononi mwa raia tarehe 10 Aprili, hata mwezi haujatimia. Nchi yako ikiamua hivyo siku moja, Muislamu asiwe wa mwisho kurudisha.

Ulinzi wa msikiti una asili katika dini. Swala ya khofu, katika aya ya 102 ya Suratun Nisaa, inaswaliwa na silaha mwilini. Itazame lakini namna ilivyopangwa: kundi linaswali, kundi linalinda, wanapokezana, na kuna imamu. Hakuna kila mtu na lake. Kwa hiyo ikiwa kamati ya msikiti imeona haja, basi wateuliwe watu wachache wanaojulikana, wafunzwe, polisi wajue, na jukumu liwe lao. Wanaume ishirini kila mmoja na bunduki aliyonunua mwenyewe, wamekaa safu na watoto, mlango umegongwa kwa nguvu: huo si ulinzi, ni msiba unaosubiri sababu. Mtume (S.A.W.) alimwamuru anayepita msikitini au sokoni na mishale azishike ncha zake kwa mkono, asije akamchubua Muislamu. Alikataza upanga kupokezanwa ukiwa nje ya ala. Akasema mtu asimwelekezee nduguye silaha, kwani hajui, huenda shetani akauvuta mkono wake akatumbukia shimo la moto. Haya aliyasema kuhusu mshale na upanga. Na wale ndugu wanaopiga picha na bunduki na kuzitandaza kwenye simu, wafikishie salamu zangu na hadithi hii.

Haya yote, ndugu yangu, ni utangulizi. Sasa nisikilize vizuri.

Nyumba moja Madina iliungua usiku wenyewe wakiwa ndani. Habari ilipomfikia Mtume (S.A.W.) alisema: "Moto huu ni adui yenu, mkilala uzimeni." Bukhari na Muslim wameipokea kutoka kwa Abu Musa (R.A.). Moto ni halali. Wanapikia, wanaota, wanamulikia. Hakuuharamisha. Lakini aliuita adui, na akaamuru usiachwe macho watu wakiwa wamelala. Hiyo ndiyo hukumu ya silaha nyumbani: swali si kama moto ni halali, swali ni nani amelala humo ndani na moto umeachwa vipi.

Kwako amelala nani? Umenitajia kwa mstari mmoja, katikati ya habari za leseni na magazini, kijana wa miaka 16 anayejifungia mwaka mzima na hazungumzi na mtu. Umeona dawa yake ni shabaha. Mimi nimeogopa.

Watu wanapofikiria bunduki humfikiria mvamizi. Marekani, nchi yenye bunduki nyingi mikononi mwa raia kuliko zote, zaidi ya nusu ya wanaokufa kwa bunduki kila mwaka ni watu waliojiua wenyewe. Na wazo la kujiua mara nyingi huja kama wimbi. Likipita bila chombo karibu, wengi huishi na hawarudii tena. Chombo kikiwepo, na kikawa cha aina ambayo haimpi mtu nafasi ya kujuta, hakuna wa kumwahi.

Niliwahi kuitwa kuosha maiti ya kijana aliyejiua kwa bunduki ya babake. Baba alikuwa mtu wa swala, mpole, leseni yake halali, na bunduki aliifungia ndani ya kasha la chuma. Kasha lilikuwa la kufunguliwa kwa namba, na namba aliyoichagua ilikuwa mwaka aliozaliwa yule kijana. Alinieleza hayo akiwa ameshika birika la maji, anamimina, huku mimi naosha. Alirudia ile namba mara nyingi. Kisha mama akatuma mtu mlangoni kuniuliza kama mwanawe ataswaliwa. Nikamjibu kuwa Mtume (S.A.W.) mwenyewe hakumswalia aliyejiua, na wanazuoni walio wengi wamesema jambo hilo ni makemeo ya kiongozi, ila Waislamu wanamswalia kama maiti mwingine. Tukamswalia. Lakini mama kusimama na swali lile mdomoni, sitaki likufike nyumbani kwako.

Kwa hiyo jibu langu kwako wewe, si kwa kila mtu, ni hili: usiiingize. Maadamu kijana yuko katika hali hiyo, sioni kwamba inakufalia kuleta bunduki yoyote ndani, fupi wala ndefu, kwa kuwa madhara yake yako karibu na manufaa yake ni ya kudhania, na kuzuia madhara hutangulizwa. "Hakuna kudhuru wala kudhuriana." Anayejua kuwa nyumba ina nyasi kavu hasemi atawasha moto mdogo.

Na mkeo usimchukulie kama mwanamke anayeogopa chuma. Masahaba walikuwa safarini na Mtume (S.A.W.), mmoja wao akalala, mwenzake akachukua kamba aliyokuwa nayo, na yule aliyelala akagutuka kwa khofu. Mtume (S.A.W.) akasema: "Si halali kwa Muislamu kumtisha Muislamu." Ilikuwa kamba. Huenda yeye ameshaona kwa mwanawe jambo ambalo wewe hujaliona, na amekosa namna ya kulisema isipokuwa hiyo ya "sitalala". Muulize.

Wale ndugu walioshanunua na wana watoto nyumbani, wajue kuwa kuificha juu ya kabati si kuihifadhi. Watoto wanajua kila kilichofichwa. Isikae na risasi ndani, risasi zifungiwe mahali pengine, na namba asiijue wala asiweze kuibahatisha yeyote. Na nyumba ikiingiwa na mtu mwenye huzuni nzito, ugomvi wa ndoa au ulevi, itolewe nje ya nyumba kwa njia inayokubalika kisheria mpaka hali itulie. Anayeuza naye asimuuzie aliyejaa hasira, Imran bin Husayn (R.A.) alichukia kuuza silaha wakati wa fitina, na fitina ya nyumba moja ni fitina.

Pesa ulizonazo zipeleke kwa daktari wa maradhi ya nafsi amwone mwanao, wiki hii. Huko si kukosa tawakkul, yaani kumtegemea Mwenyezi Mungu; Mtume (S.A.W.) ametuamrisha kujitibu. Kabla ya hapo, leo baada ya Isha, gonga mlango wake, kaa chini sakafuni, na usianze na swala wala masomo. Muulize kwa upole kama amewahi kutamani asiwepo. Kumuuliza hakumtii wazo kichwani. Waliosomea jambo hili wamelihakikisha. Akinyamaza, kaa. Akisema ndiyo, usimkaripie, usimsomee adhabu ya kaburi, na usimwache peke yake usiku huo. Mwite daktari au namba ya dharura ya hapo mlipo.

Kisha niandikie nijue amesemaje. Nitakuwa namwombea kwa jina la "mtoto wa ndugu yangu" mpaka unipe jina lake.

Wallahu a'lam.