Kabla hujasaini mkopo wa nyumba, omba jedwali lote

Kila ninapoulizwa kuhusu mkopo wa nyumba, swali la kwanza huwa ni "wanakata ngapi kwa mwezi?" Naelewa kwa nini. Mshahara unaingia kwa mwezi, ada za watoto tunazigawa kwa miezi, hata kodi ya nyumba tunaihesabu kwa mwezi ingawa mwenye nyumba anaidai ya miezi sita kwa mkupuo. Lakini kwenye karatasi zote za benki, hakuna namba inayoficha mambo mengi kama hiyo ya rejesho la mwezi. Mimi na mume wangu tunalipa mkopo wa nyumba hapa Dar es Salaam, na ushauri wangu wa kwanza kwa yeyote anayetaka kufuata njia hii ni huu: omba jedwali zima la marejesho, mwezi wa kwanza hadi wa mwisho, uende nalo nyumbani ulisome kabla ya kuweka saini popote.

Afisa mikopo aliyetuhudumia alikuwa mtu mwema na mvumilivu. "Dada, angalia tu kama rejesho linaingia kwenye mshahara, mengine yatajipa," aliniambia. Hakuwa na nia mbaya. Kazi yake ni kuhakikisha kwamba makato hayakuachi na chini ya theluthi moja ya mshahara na kwamba deni litalipika. Kama nyumba ile inastahili fedha utakazokuwa umeitolea siku ya mwisho, hiyo si hesabu ya benki. Ni yako, na hakuna atakayekufanyia.

Tuifanye hapa. Nachukua mfano wa namba nzima ili iwe rahisi kufuatilia: mkopo wa Sh milioni 100, riba asilimia 17 kwa mwaka inayotozwa kwenye salio linalopungua, yaani kwenye deni lililobaki tu, muda miaka 20. Riba ya namna hiyo si ya kutisha watu. Kwa miaka mingi mikopo ya nyumba Tanzania imekuwa ikitolewa kwa riba ya kati ya asilimia 15 na 19. Rejesho la mwezi linakuwa Sh 1,466,801. Zidisha kwa miezi 240 upate takriban Sh milioni 352. Umekopa milioni 100, umerudisha milioni 352, na kati ya hizo milioni 252 ni riba tupu.

Watu wengi wakiiona namba hiyo hushtuka, halafu baada ya muda huizoea. Mimi kilichonishughulisha zaidi ni mstari wa kwanza wa jedwali. Mwezi wa kwanza unalipa Sh 1,466,801. Riba inachukua Sh 1,416,667. Deni lenyewe linapungua kwa Sh 50,134. Soma tena, taratibu. Kwenye karibu milioni moja na nusu uliyotoa, iliyopunguza deni haifiki hata bei ya mifuko minne ya saruji.

Endelea kushuka na jedwali. Mwaka wa kwanza ukiisha umelipa zaidi ya milioni 17.6, na deni limepungua kwa kama laki sita na nusu tu. Miaka mitano ikiisha umelipa milioni 88, na bado unadaiwa milioni 95.3. Miaka 10, yaani nusu ya safari, umetoa milioni 176 na salio ni zaidi ya milioni 84. Nusu ya deni hutaifikia hadi mwaka wa 17. Hakuna wizi hapo wala ujanja, ndivyo hesabu ya riba inavyokwenda: riba ya kila mwezi inakokotolewa kwenye salio, na salio likiwa kubwa riba nayo inakuwa kubwa, hivyo kinachobaki cha kupunguza deni ni kidogo sana mwanzoni.

Ndiyo maana nasisitiza jedwali. Mtu anayepanga kuuza nyumba baada ya miaka mitano au sita, labda kwa sababu kazi inamhamisha, anahitaji kujua kwamba siku hiyo atakuwa bado anadaiwa karibu mkopo wote.

Sasa tuje kwenye muda, maana hapa ndipo fedha nyingi zinapopotelea bila mtu kuona. Zamani benki zetu hazikuwa na mikopo ya nyumba ya muda mrefu. Sheria ya mikopo ya nyumba ya 2008, na kisha TMRC, kampuni iliyoanzishwa 2010 ili kuzipatia benki fedha za muda mrefu, ndizo zilizosaidia muda urefuke hadi miaka 15, 20, na hata 25. Ni jambo jema, limefungua mlango kwa wengi. Ila muda mrefu unauzwa, na bei yake ni hii. Mkopo uleule wa milioni 100, riba ileile ya asilimia 17, ukiuchukua kwa miaka 25 rejesho linashuka hadi kama Sh 1,437,800. Umepunguziwa Sh 29,000 kwa mwezi. Kwa punguzo hilo utalipa jumla ya milioni 431, yaani milioni 79 zaidi ya yule wa miaka 20. Ukiuchukua kwa miaka 15, rejesho linapanda hadi Sh 1,539,000, kama elfu sabini na mbili zaidi kwa mwezi, na jumla inashuka hadi milioni 277. Elfu sabini na mbili kwa mwezi zinaokoa milioni 75. Kwa hiyo ukiambiwa "tukuongezee miaka ili makato yawe mepesi", omba namba mbili kwa pamoja: rejesho jipya na jumla mpya. Ukipewa moja tu, usijibu.

Riba yenyewe nayo ina mambo yake. Kwanza, uliza inakokotolewaje. Kuna mikopo ambayo riba inahesabiwa kwenye mkopo wote wa mwanzo hadi siku ya mwisho, hata kama umeshalipa nusu. Asilimia 10 ya namna hiyo kwa miaka 10 inasikika nafuu, lakini inakugharimu karibu sawa na asilimia 16 ya salio linalopungua. Usilinganishe benki mbili kwa asilimia iliyoandikwa kwenye bango.

Pili, uliza kama riba inaweza kubadilika. Benki Kuu ilianza kutumia Riba ya Benki Kuu, riba elekezi kwa mabenki, Januari 2024 kwa asilimia 5.5, ikaipandisha hadi 6 mwezi Aprili mwaka huohuo, na Julai 2025 ikaishusha hadi 5.75. Mabadiliko ni madogo, lakini miaka 20 ni mingi, na mkataba wako ukiruhusu benki kubadilisha riba, wewe ndiye unayebeba mzigo. Kwenye mfano wetu, riba ikiwa 19 badala ya 17 tangu mwanzo, rejesho linafika Sh 1,620,700 na jumla inakaribia milioni 389. Pointi mbili tu, milioni 37. Ndiyo maana kuomba kupunguziwa hata pointi moja si aibu. Mshahara wako ukipita kwenye benki hiyo, na kama mwajiri wako ana makubaliano nayo, una nguvu ya kuzungumza. Sisi tuliomba, tukapunguziwa kidogo, na hakuna aliyetununia.

Jambo moja ninalolipenda kwenye murabaha ya benki za Kiislamu ni kwamba benki inanunua, inakuuzia kwa bei yenye faida yake, na bei hiyo inatajwa yote siku ya kwanza. Si lazima iwe nafuu, lakini mnunuzi anaiona jumla kabla ya kitu kingine chochote. Ningependa kila mkopo ungetolewa hivyo.

Halafu kuna gharama za mlangoni, ambazo hazimo kwenye jedwali: mchango wako wa awali, ada ya mkopo, mthamini, wakili, kusajili rehani kwa Msajili wa Hati, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya nyumba. Nyingine unalipa mara moja, bima kwa kawaida zinakufuata mwaka hadi mwaka. Omba ziandikwe kwenye karatasi moja, zenye kiasi, si "zipo gharama ndogondogo". Kodi ya jengo ni ndogo, Sh 1,500 kwa mwezi kwenye LUKU kwa nyumba ya kawaida tangu Julai 2023, na kodi ya pango la ardhi inakuja kila mwaka. Matengenezo ndiyo watu huyasahau. Ukiwa mpangaji, tenki likipasuka unampigia mwenye nyumba. Sasa mwenye nyumba ni wewe, na rejesho la benki halisubiri fundi alipwe kwanza.

Nisiache jambo la mwenzi wako. Nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mke au mume, Sheria ya Ardhi inasema hivyo, na benki itamtaka asaini. Nimeona mwenzi akiitwa siku ya mwisho, anaonyeshwa pa kusaini, anasaini. Hapana jamani. Jedwali lisomwe na wote wawili, maana siku makato yakizidi, mtakaokula mlo mmoja ni wote wawili.

Sasa lile swali gumu: je, ni bora kupanga, au kujenga kidogokidogo kama wengi wetu tunavyofanya? Sina jibu moja kwa kila mtu, ila namna ya kulitafuta ninayo. Chukua nyumba ileile unayotaka kuinunua, uulize inapangishwa kwa kiasi gani. Tuseme laki sita kwa mwezi. Rejesho kwenye mfano wetu lilikuwa Sh 1,466,801. Tofauti ni kama Sh 866,800 kwa mwezi, zaidi ya milioni 10 kwa mwaka. Mtu mwenye kiwanja chenye hati, anayeweza kuitenga fedha hiyo kila mwezi, anasimamisha boma, anapaua, anahamia chumba kimoja hakijapigwa plasta, na hadaiwi na mtu. Ndivyo mitaa mingi ya Goba, Bunju na Chanika ilivyojengwa. Lakini swali ni "anayeweza kuitenga". Fedha isiyokatwa ina wenyewe wengi: msiba, harusi, ada, mdogo wako aliyekwama. Boma nalo lina gharama zake, kodi unayoendelea kulipa, nondo zinazoibwa, fundi anayetoweka na fedha ya mbao. Kwa familia yetu, yenye mishahara miwili ya uhakika na wazazi wanaotutegemea, makato ya lazima yalikuwa kinga. Kwa dada yangu, mwenye duka, ambaye kipato chake kinapanda na kushuka, nilimshauri ajenge polepole, na bado naona nilimshauri vema.

Msikubali tu kuambiwa kwamba nyumba "itajilipa yenyewe" kwa kupanda thamani. Nyumba ya milioni 125, uliyoitolea milioni 25 zako na 100 za benki, itakuwa imekugharimu milioni 377 kufikia mwisho. Ili thamani ifike hapo lazima ipande kwa karibu asilimia 5.7 kila mwaka kwa miaka 20 mfululizo. Sehemu nyingine za Dar zimepanda kuliko hivyo, nyingine zimelala. Na wale wanaosema mfumuko wa bei utalimeza deni, wanakumbuka Desemba 2011 ulipofika asilimia 19.8. Mwaka 2024 wastani ulikuwa asilimia 3.1. Ukilipa riba ya 17 mfumuko ukiwa 3, hakuna kinachomezwa.

Kama umeshachukua mkopo, au hesabu imekuonyesha kwamba uchukue, basi silaha yako ni kulipa zaidi mapema. Rudi kwenye ule mstari wa kwanza wa jedwali: shilingi yoyote ya ziada inakwenda moja kwa moja kwenye deni. Kwenye mfano wetu, ukiongeza Sh 200,000 kila mwezi tangu mwanzo, mkopo wa miaka 20 unaisha kwa miaka 11 na miezi kama mitatu, na jumla inakuwa milioni 225 badala ya 352. Milioni 127 zinabaki kwako. Laki mbili hizohizo ukianza kuzilipa mwaka wa 15 zitasaidia, lakini si kwa kiasi hicho.

Ila zingatia utaratibu. Kabla ya kusaini, tafuta kwenye mkataba kipengele cha kulipa kabla ya muda, uone kama kuna tozo na ni ya kiasi gani. Benki nyingine zinatoza, na tozo hiyo inaweza kujadiliwa siku hiyo, si baadaye. Kisha, kila unapolipa ziada, andika barua ukieleza kwamba fedha hiyo ipunguze deni la msingi na kwamba unataka muda ufupishwe, rejesho libaki lilelile. Sisi mara moja tulikuta ziada yetu imekaa kwenye akaunti ikisubiri rejesho la mwezi unaofuata, haijagusa deni. Ilirekebishwa kwa sababu tulikuwa na nakala ya barua yenye mhuri wa kupokelewa. Baada ya kila malipo ya ziada, omba jedwali jipya ulilinganishe na la zamani.

Na siku ya rejesho la mwisho, usiishie kupokea pongezi. Omba barua ya kumaliza deni, pokea hati yako halisi, na hakikisha rehani imefutwa kwenye daftari la Msajili wa Hati. Uliza mapema nani analipia ufutaji huo. Rehani isipofutwa, siku utakapotaka kuuza au kuwarithisha watoto, daftari litaendelea kuonyesha kwamba nyumba ina dhamana ya benki.