Barua kwa mwanangu: Binti aliyeondoka na mafuta yako

Mwanangu mpenzi,

Barua yako nimeipata. Unaniuliza umfanye nini binti uliyemfundisha kusuka na kupika mafuta ya nywele, ambaye sasa amefungua saluni yake mtaa wa pili na anauza mafuta yanayofanana na yako mpaka kopo. Mimi nimekaa kwenye ususi miaka mingi na jambo hilo limenipata mara mbili, kwa hiyo najua linavyochoma. Lakini kabla hujaenda kumgombeza, nisikilize nikueleze habari za Annie Turnbo.

Huyu alikuwa Mmarekani mweusi, aliyezaliwa mwaka 1869 huko Metropolis, jimbo la Illinois, mtoto wa kumi kati ya kumi na mmoja. Wazazi wake walikuwa wametoka utumwani. Walifariki yeye angali mdogo, akalelewa na dada yake mjini Peoria. Shuleni aliipenda kemia, ila maradhi yalimkatiza masomo, akabaki nyumbani akishughulika na nywele za ndugu zake.

Siku hizo wanawake wengi walijipaka mafuta ya bata bukini na sabuni kali, wengine magadi ya kuunguza ili nywele zinyooke. Nyumba nyingi hazikuwa na maji ya bomba, kichwa kilikaa muda mrefu bila kuoshwa, mba ikashika na nywele zikakatika. Annie akaona kwamba ugonjwa uko kwenye ngozi: kioshwe kichwa kwanza, kisuguliwe, kisha ndipo kipakwe dawa. Nakumbuka mara ngapi nimewaambia hivyo wateja wanaokuja na vichwa vilivyobabuka, wakadhani nawapotezea muda. Kumbe kuna mwanamke aliyekuwa akiyasema hayo miaka zaidi ya mia moja iliyopita!

Mwaka 1902 alihamia St. Louis. Wasambazaji wa bidhaa hawakumpokea, akazunguka nyumba kwa nyumba na wasaidizi watatu, anamhudumia mtu kichwa bure, kisha ndipo anamuuzia dawa. Maonyesho makubwa ya dunia yalipofanyika mjini hapo mwaka 1904, jina lake lilikuwa limeanza kusikika.

Miongoni mwa wanawake waliouza dawa za Annie alikuwemo mfua nguo mmoja, mjane, ambaye nywele zake mwenyewe zilikuwa zikinyonyoka. Aliitwa Sarah. Mwaka 1905 Sarah alihamia Denver akiwa bado anauza dawa za Annie. Mwaka uliofuata akaolewa na bwana Walker na kuanza kuuza za kwake. Huyo ndiye Madam C. J. Walker, tajiri wa dawa za nywele, ambaye dunia nzima inamtaja. Annie wanamtaja wachache.

Unaona sasa kwa nini nimekumbuka habari zake.

Wapo wanaomwita Sarah mwizi. Mimi siwezi. Kibiriti upele na mafuta ya mgando, vinavyosemekana kuwemo kwenye dawa zao, vilitumika kutibu ngozi kabla yao wote wawili, na Sarah aliipeleka biashara yake kwa miguu yake mwenyewe. Hata wewe, mwarobaini na nazi unavyovipika ulivikuta kwa bibi yako. Alichofanya Annie ni kusajili jina la dawa zake, Poro, mwaka huo huo wa 1906, na kuwatahadharisha watu magazetini wasinunue za kuiga. Kisha akaendelea kufundisha. Hilo ndilo ninalompendea zaidi. Mwaka 1918 alifungua chuo cha Poro pale St. Louis, jengo kubwa lenye madarasa, ukumbi na sehemu ya kulia chakula, na mabinti waliotoka hapo wakaenda kujitegemea. Aliwajengea yatima nyumba. Kimbunga kilipoupiga mji mwaka 1927, watu walihudumiwa humo chuoni.

Lakini mwaka huo huo ndio ulimwumiza, na aliyemwumiza hakuwa Sarah. Annie na mume wake wa kwanza walikuwa wameachana mapema kwa sababu mume alitaka kuingilia biashara. Wa pili, Aaron Malone, waliyeoana mwaka 1914, alikaa ndani ya kampuni miaka yote hiyo, kisha akadai talaka pamoja na nusu ya mali, akisema mafanikio yale yalitokana na yeye. Annie alimlipa dola 200,000 ili abaki na kazi yake. Mwaka 1930 akahamia Chicago kuanza upya. Baadaye madeni ya kodi yakamwelemea, na mwaka 1951 serikali ikashika mali ya Poro. Alifariki mwaka 1957.

Nimeisoma barua yako mara mbili, mwanangu. Ukurasa mzima umeandika juu ya yule binti. Juu ya shemeji yako anayekushikia pesa na kukuwekea hesabu umeandika mstari mmoja tu, tena kwa kumshukuru. Sisemi ni mtu mbaya. Nauliza karatasi iko wapi inayoonyesha kipi chako na kipi chake, na kodi ya mwaka jana nani aliilipa, na risiti umeiona kwa macho yako? Nenda BRELA, ofisi ya serikali ya kusajili biashara, wiki hii ukasajili jina la mafuta, kwa jina lako wewe. Halafu kaa na shemeji, mzee mmoja akiwepo, muandikishane.

Yule binti mwache auze. Mkikutana, msalimie.

Majani ya mwarobaini nimeshayaanika yamekauka vizuri. Nitayapakia kwenye basi la Ijumaa, ukayapokee stendi mapema yasije yakaloa.

Mama yako