Dhamana kortini: zungumza kabla hakimu hajataja kiasi

Katika mahakama za Kenya, jamaa za mshtakiwa kwa kawaida huanza kuhangaikia dhamana baada ya hakimu kutaja kiasi. Wamechelewa. Dakika zenye faida ni zile chache baada ya mshtakiwa kukana shtaka, na wengi huzimaliza kwa kuomba "dhamana nafuu" kisha wakanyamaza. Nafuu kwa nani? Hakimu hajui kama aliye kizimbani anaendesha bodaboda ya mtu au ana maduka matatu.

Kifungu cha 49(1)(h) cha Katiba ya 2010 kinampa kila aliyekamatwa haki ya kuachiliwa kwa masharti ya kadiri, isipokuwa pawe na sababu nzito za kumzuia. Hata anayeshtakiwa kwa mauaji yumo. Kosa likiwa la faini pekee au kifungo kisichozidi miezi sita, 49(2) inakataza kumweka rumande.

Kuthibitisha sababu hizo nzito ni kazi ya upande wa mashtaka. Omba nakala ya hati ya kiapo ambayo afisa wa upelelezi anapingia dhamana na uijibu hoja kwa hoja: shahidi gani ametishwa, lini, kwa njia gani? "Uchunguzi unaendelea" peke yake si jibu. Hiari ya hakimu huegemea mambo kama uzito wa kosa, nguvu ya ushahidi, mizizi ya mshtakiwa katika jamii, na kama aliwahi kuruka dhamana. Kwa hiyo mpe vitu vya kushika: mtaa na ploti anayoishi, amekaa hapo tangu lini, barua ya chifu au ya mwajiri, kadi ya kliniki kama ni mgonjwa. Kisha taja kiasi ambacho familia inaweza kupata.

Korti ikiagiza ripoti ya afisa wa probesheni, atawahoji jamaa, majirani, pengine hata mlalamishi. Ripoti nyingine huchelewa kwa sababu tu simu ya nyumbani imezimwa!

Amri huja hivi: bondi ya Sh200,000 na mdhamini wa kiasi sawa na hicho, au dhamana ya pesa taslimu Sh100,000. Kwenye bondi hakuna pesa inayolipwa. Mdhamini anaweka mali rehani. Taslimu hulipwa kwa Idara ya Mahakama na kurudishwa kesi ikiisha, mradi mshtakiwa hakukosa kufika. Anayerudishiwa ni mwenye jina kwenye risiti, hivyo pesa zikiwa za mchango, kubalianeni mapema ni jina la nani. Risiti halisi itunzwe. Kesi huchukua miaka. Na asiyetoa risiti, awe polisi au karani, anachukua hongo.

Kwa mdhamini, mambo huharibika kwenye karatasi. Hatimiliki ya marehemu babu haisaidii, wala shamba lenye mkopo wa benki. Aje na kitambulisho halisi, sachi ya karibuni (karatasi ya afisi ya ardhi inayoonyesha mwenye shamba) na ripoti ya thamani, au logbuku ya gari, au hati za mshahara, kulingana na anachoweka. Ataulizwa anamjuaje mshtakiwa, anaishi wapi, na kama anaelewa kwamba mshtakiwa akitoroka atadaiwa yeye mdhamini. Wadhamini wa kukodi hujikwaa hapa.

Masharti yakishinda uwezo, msikae kimya huku mtu anaozea rumande. Kifungu cha 123(2) cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai kinasema dhamana isizidi kiasi. Rudini kwa hakimu yuleyule na ushahidi wa juhudi zenu. Akikataa, 123(3) inaipa Mahakama Kuu uwezo wa kupunguza.

Mshtakiwa akishatoka, sharti linalovunjwa kwa wepesi ni la kutowasiliana na mashahidi. Salamu za WhatsApp kupitia kwa shemeji zinahesabika. Akiugua siku ya kesi, barua ya hospitali ifike kortini asubuhi hiyo, kabla faili haijaitwa na hati ya kumkamata kutolewa.