Kabla ya Tamthilia Yako, Andikia ya Mwenzako

Wiki iliyopita msomaji mmoja wa Mombasa aliniuliza: "Dada, nina muswada wa tamthilia ya sehemu sita, huko Uingereza nimpelekee nani?" Nilicheka, kisha nikanyamaza, kwa kuwa nami nilifika Leeds na sehemu sita mkobani.

Hakuna aliyezitaka. Baada ya miaka mitatu nilipata nafasi ya majaribio katika tamthilia ya jioni, zile za mtaa mmoja zisizokwisha. Nilikabidhiwa muhtasari wa matukio, wahusika waliozaliwa kabla yangu, na wiki mbili. Niliuona muhtasari ule dhaifu, nikaurekebisha bila kuombwa, na yule mama wa duka, ambaye miaka yote hujibu kwa maneno matatu, nikamhutubisha ukurasa mzima. Mhariri wa miswada aliponirudishia maoni, nilimwandikia utetezi wa kurasa nne. Sikuitwa tena, na hadi leo nikiusikia muziki wa kufungulia tamthilia ile huzima televisheni.

Sally Wainwright, mwandishi wa tamthilia za televisheni wa Uingereza, mzaliwa wa Huddersfield, aliwahi kuendesha basi jijini London, akaandikia The Archers, mchezo wa redio wa BBC, kisha Coronation Street, mojawapo ya zile za mtaa mmoja, katika miaka ya 1990. Tamthilia yake mwenyewe ya At Home with the Braithwaites ilionyeshwa mwaka 2000, na Happy Valley mwaka 2014. Mwandishi mwenzake Jimmy McGovern naye aliitumikia Brookside, nayo ya mtaa mmoja, katika miaka ya 1980, ndipo ikaja tamthilia yake mwenyewe, Cracker, mwaka 1993. Zamani niliihesabu miaka yao ile kuwa ya kupotea, ilhali humo ndimo walimozoea kumaliza kazi kwa wakati na kumwachia mhusika sauti yake.

Kwa hiyo, ndugu yangu, andikia wahusika wa wengine kwanza. Ukiomba nafasi hiyo, peleka sehemu moja tu ya muswada wako, ya saa nzima, yaani kurasa 60 hivi, kwa kuwa ukurasa hukadiriwa dakika moja. Maoni ya mhariri, lala nayo usiku mmoja kabla hujajibu. Nasema tena, lala nayo. Vijana wetu mnakitaka cheo cha mtunzi kabla ya jasho lake, na ninayasema haya kwa uchungu wa aliyefanya hivyo hivyo.

Mwezi huu nimeanza upya, safari hii kwenye mchezo wa redio ambao hata mbwa wake si wangu. Nitumie sehemu ya kwanza, nitaisoma. Hizo tano zibaki kwako.