Nilivyoiumiza nyumba ya bibi kwa mifuko 40 ya saruji

Juma lililopita msomaji mmoja aliyeko Muscat aliniandikia: "Assalaam alaykum kaka. Tumerithi nyumba Kiponda, lipu ya chini imemong'onyoka mpaka mawe yanaonekana. Fundi anasema tubandue yote, tupige saruji, tutasahau tabu miaka thelathini. Unatushauri nini?"

Nilicheka, halafu moyo ukaniuma. Maneno hayo hayo niliambiwa mimi, nikayaamini, nikayalipia.

Nyumba yetu ipo Malindi, mtaa wa Mji Mkongwe wa Zanzibar kama ilivyo Kiponda, si mbali na bandari. Ni zile za maduka zilizopangwa mstari mmoja: chini duka, juu familia, na ukuta wako ndio ukuta wa jirani. Bibi alizalia watoto wake wote humo. Mirathi sitaki kuikumbuka; tulikuwa warithi 11 na kila mmoja ana mshauri wake. Mwishowe nikawanunua wenzangu sehemu zao, nikawa napita mtaani kifua mbele.

Kwanza alikuja mzee mmoja, fundi wa chokaa. Akaupapasa ukuta kwa kiganja, akanusa vidole, akasema, "Mwanangu, huu unataka chokaa, na chokaa inataka subira." Bei yake haikunishtua, ila muda. Chokaa izimwe kwa maji, ilale wiki kadhaa, ipigwe tabaka kwa tabaka, kila tabaka lisubiriwe. Mimi nataka wageni walale kwangu kabla ya Julai! Nikampa ya soda akaenda zake, nikamwita mkandarasi mwenye gari na simu mbili. Mifuko 40, wiki tatu, ukuta umenyooka kama karatasi. Juu yake nikapiga rangi ya mafuta. Picha za siku ile bado ninazo, nimesimama mlangoni kama niliyeijenga mwenyewe.

Masika ya kwanza rangi ikatoka malengelenge. Masika ya pili jirani yangu, mama wa makamo asiyependa maneno mengi, akanigongea: "Njoo uone ulichonifanyia." Alikuwa amesogeza kabati la nguo. Nyuma yake ukuta umelowa, una ukungu mweusi, na khanga za juu zinanuka. Upande wake ulikuwa chokaa bado, kwa hiyo maji yaliyokosa pa kutokea kwangu yalitokea kwake. Sikuwa na la kusema.

Nikarudi kwa yule mzee. Hakunisimanga, na hilo ndilo lililoniuma zaidi. Alipanda juu, akachomeka bisibisi kwenye boriti pale inapoingia ukutani. Ikazama mpaka mpini, kama kwenye muhogo uliochemka. Boriti tisa zilikuwa hivyo.

Sababu ni nyepesi. Jiwe la matumbawe, lililojenga kuta zetu, hunywa maji ya ardhini pamoja na chumvi yake. Chokaa huyaacha yatoke taratibu kama jasho. Saruji na rangi ya mafuta huyaziba, nayo hupanda juu zaidi yakitafuta njia, hadi yakutane na vichwa vya boriti. Boriti hizo ni za mkoko, na mkoko ukikaa mkavu utatuzika sisi na watoto wetu. Ukilowea ndani ya ukuta, unaoza huku dari linaonekana zima. Na boriti ndizo zilizopima vyumba vyetu. Ni vyembamba, mita tatu hivi au pungufu, kwa kuwa mkoko hauwezi kubeba dari pana zaidi ya hapo.

Kwa hiyo, ndugu yangu, usipige saruji. Anza na paa na mabomba, ukuta baadaye. Nenda Mamlaka ya Mji Mkongwe uchukue kibali kabla hujashika nyundo, hata kama ni dirisha tu. Mimi nilikwenda kazi imeshaanza, na maelezo niliyoyatoa siku ile yananitia aibu hadi leo. Halafu, nasema tena, usipige saruji.

Tuambiane ukweli. Mji huu uliingizwa kwenye urithi wa dunia mwaka 2000, na sisi tunajisifia kwa wageni kana kwamba kusifiwa kunaziba nyufa. Beit al-Ajaib, lile jumba la sultani lililojengwa 1883, lilipoporomoka upande mmoja Desemba 25, 2020, simu zote zilijaa vilio. Nani kati yetu jioni ile alipanda kutazama paa lake mwenyewe? Tunalaumu serikali, tunalaumu warithi wenzetu, na mfereji wa paa umeziba majani tangu vuli ya juzi. Nasema hivyo nami nikiwa mmoja wao.

Kubandua saruji kulichukua muda kuliko kuipiga, maana iling'oka na mawe. Gharama sitaitaja, mke wangu husoma haya. Wageni walilala kwangu Julai, lakini ya miaka miwili baadaye.

Ukija Idd, usije na fundi kwanza. Chukua bisibisi, panda juu mwenyewe. Nitumie picha za vichwa vya boriti. Za lipu nimeshaziona.