Steki ya ng'ombe wa kienyeji, vitunguu vya kahawia na jibini juu

Nyama ya ng'ombe ya hapa Tabora ni tamu, lakini ni ngumu, na anayebisha hajala ile iliyochinjwa alfajiri ikaingia kikaangoni saa sita mchana. Ng'ombe wetu ni wenye nundu, wanatembea kutwa wakitafuta malisho na maji. Ukiiga mapishi ya Marekani, ya pande nene kama tofali lililogeuzwa mara mbili motoni, utatafuna mpaka taya ziume.

Kwa hiyo anzia buchani. Muuzaji amezoea kukatakata nyama ya mchuzi, basi sema mapema kabla panga halijapanda: "Kaka, nipimie steki tupu, kipande kimoja, nitakata mwenyewe." Ukipata sarara, yaani fileti, ile nyama laini kuliko zote, chukua usiulize mara mbili. Ni kidogo kwa kila ng'ombe, na wenye hoteli huwa wameiwahi. Mimi mara nyingi naishia kwenye nyama ya mgongoni, nayo haijaniangusha.

Usiipike siku hiyohiyo. Mnyama akishachinjwa misuli inakakamaa, kisha inalegea yenyewe polepole. Siku mbili kwenye friji, juu ya sahani, zinaleta tofauti ambayo hata mtoto ataionja. Huna friji? Kwaruza papai bichi, paka, acha nusu saa, kisha futa lote. Usilaze usiku kucha, maana nje itageuka rojorojo na ndani ibaki vilevile.

Vitunguu ndivyo vinavyokula muda, kwa hiyo vinatangulia. Kwa watu wawili namenya vinne vikubwa vyekundu, vya Singida vikiwepo. Usiogope wingi: kitunguu karibu chote ni maji, na sufuria iliyojaa itashuka mpaka ubaki na bakuli dogo. Kata vyembamba, tia samli au mafuta, chumvi kidogo, moto mdogo. Kwenye jiko la mkaa, subiri makaa yavae majivu, kisha sogeza mengine pembeni. Mwanzoni vitatoa maji na kuchemka kwa kelele. Baadaye kelele inakatika, vinalainika, vinaanza kushika chini na kuacha ukoko wa kahawia. Hapo tia kijiko cha maji, kwangua kwa mwiko, acha vishike tena, rudia. Mapishi yanayoahidi dakika kumi yanakudanganya. Ni dakika arobaini, pengine arobaini na tano. Sukari haihitajiki, imo ndani ya kitunguu. Najua kuna mtu ataniuliza, asali je, na sisi ndio wenye asali? Asali inaungua upesi. Kama lazima, nusu kijiko mwishoni kabisa. Magadi kidogo huharakisha rangi, ila vitunguu vinavurugika kama umevisaga, na mimi napenda kuviona nyuzinyuzi.

Vikiiva, vitoe, chochea moto uwe mkali. Kata nyama kukingama na nyuzi zake, unene wa kidole kimoja. Ifute mpaka ikauke, kwa sababu nyama yenye maji inachemka badala ya kukaangika. Chumvi, pilipili manga, kisha ilaze kwenye kikaango cha chuma kilichoanza kutoa moshi, vipande visibanane. Dakika mbili tatu kila upande. Wazee wa kwetu hawataki kuona wekundu, nami sibishani nao: naongeza muda kidogo, na kwa unene huo haikauki sana.

Jibini si kila duka la hapa linalo, kwa hiyo namwagiza anayetoka Dar es Salaam au Mwanza. Cheddar changa au mozzarella inayeyuka vizuri. Ile iliyokomaa sana inatoa mafuta tu na kubaki punjepunje. Vile vipande laini vya kwenye karatasi vinayeyuka kuliko vyote, ila vina chumvi, basi punguza kwenye nyama. Panga vitunguu juu ya steki, kwaruzia jibini, dondoshea kijiko cha maji pembeni mwa kikaango na ufunike mara moja. Mvuke utaiyeyusha kwa dakika moja hivi, kabla nyama haijakauka.

Kwetu tunaila na viazi vitamu vya kuchemsha na kachumbari yenye ndimu nyingi. Wali sijaupenda nayo: unafyonza mafuta yote ya jibini na vitunguu vinapotelea humo.