Dogo kuambiwa hana sifa akiwa mwaka wa pili: dai barua kwanza

Mkuu, nimesoma maelezo yako yote. Dogo yuko mwaka wa pili, jina limebandikwa kwenye orodha ya wasio na sifa za kudahiliwa, akaunti yake ya chuo imefungwa, bumu (pesa ya kujikimu ya mkopo) limesimama na mitihani inakaribia. Alipouliza dirishani akajibiwa kwa mdomo kwamba kidato cha nne chake "kina utata". Wengi humu jukwaani wanakushauri umhamishie chuo kingine au uwaite waandishi wa habari. Mimi ningeanzia pengine. Wakati wa uhakiki wa sifa za wanafunzi wa 2016/2017 nilikuwa serikali ya wanafunzi, upande wa elimu, na kesi za aina hii ndizo zilizotujazia muhula.

Kwa wasiokumbuka, Mei 2016 wanafunzi zaidi ya 7,000 wa stashahada maalumu ya ualimu wa sayansi pale UDOM (Chuo Kikuu cha Dodoma) walirudishwa nyumbani. Sababu iliyotolewa kwanza ilikuwa walimu wao kugoma kufundisha. Mchujo wa nani ana sifa na nani hana ulitangazwa Julai, watu wako makwao tayari. Mwanzoni mwa 2017 TCU, tume inayosimamia vyuo vikuu, nao wakatoa majina ya maelfu ya wanafunzi nchi nzima ambao sifa zao zilitiliwa shaka.

Chuoni kwetu orodha ilibandikwa ubao wa matangazo karibu na kantini, safu tatu: jina, namba ya mtihani, tatizo. Kwenye tatizo wengine waliandikiwa "namba batili", wengine "hana sifa". Ukiangalia vizuri hayo ni mambo mawili yasiyofanana kabisa, lakini wote walipewa adhabu moja. Kuna dada mmoja wa mwaka wa pili alisoma kidato cha nne shuleni, kwa hiyo namba yake inaanza na S. Baadaye akarisiti hesabu na kemia kama mtahiniwa binafsi, akapata namba inayoanza na P. Alipoomba chuo alijaza zote mbili, akadahiliwa bila shida. Uhakiki ukasoma ile ya S peke yake, ukamkuta na upungufu wa krediti, yaani masomo yenye C au zaidi. Tulienda naye ofisi ya udahili na vyeti vyote viwili kwenye bahasha ya kaki. Afisa akaviweka mbele ya kompyuta, akalinganisha, akasema mwenyewe: "Huyu mbona yuko sawa?" Lakini jina hakuweza kuliondoa, eti orodha imetoka juu. Hadi linaondolewa, dada alikuwa amekosa majaribio na kitanda chake hosteli kimepewa mtu mwingine. Vitu hivyo hakuna aliyemrudishia.

Kwa hiyo swali la kwanza kwa dogo ni: utata upi? Inawezekana ni majina kutofanana kati ya cheti cha kuzaliwa na cha NECTA (baraza la mitihani). Hapo kiapo au hati ya kubadili jina humaliza. Inawezekana wamempima kwa kigezo kisicho cha mwaka wake, na hii ilikuwepo sana. Waliomaliza kidato cha sita 2014 na 2015 walipangiwa madaraja tofauti, kulikuwa na B+, kwa hiyo C yao haikuwa na pointi sawa na C ya 2013. Tafuta kitabu cha mwongozo wa udahili cha mwaka alioingia yeye, siyo cha mwaka huu. Na inawezekana wanadai cheti ni cha kughushi. Hiyo ni tuhuma ya jinai, haiwezi kufichwa ndani ya neno "utata". Simtetei mtu mwenye cheti feki, aondoke. Ila aliyejaza vyeti vyake halisi, chuo kikavikagua, kikampokea na kuchukua ada, hawezi kubebeshwa peke yake kosa la aliyekagua.

Sasa barua. Aandike kwa msajili, nakala kwa mshauri wa wanafunzi na afisa mikopo, agongewe muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yake. Aombe sababu kwa maandishi, nyaraka walizotumia, na muda wa kujibu kabla ya uamuzi wa mwisho. Msiione kama fadhila. Katiba yetu ibara ya 13(6)(a) inampa kila mtu "fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu" pale haki zake zinapoamuliwa na Mahakama "au chombo kinginecho", na chuo ni chombo. Mahakama ya Rufani iliweka wazi kwenye shauri la Mbeya-Rukwa Autoparts kwamba kusikilizwa ni haki ya kikatiba.

Katika barua hiyohiyo aombe afanye mitihani, matokeo yazuiliwe mpaka uhakiki uishe. Ombi hili ni dogo kwa chuo na ni kubwa kwake. Akionekana hana sifa, wanafuta matokeo na chuo hakijapoteza kitu. Akionekana anazo, hajapoteza mwaka. Sisi tulipoomba hivyo tulisikilizwa zaidi kuliko tulipoomba majina yaondolewe.

Wakikaa kimya au wakamfukuza bila kumsikia, akate rufaa ndani ya chuo kwanza, maana mahakamani ataulizwa kama alifanya hivyo. Kisha ni mapitio ya mahakama, yaani kuiomba Mahakama Kuu ikague kama uamuzi ulifuata sheria: maombi ya kibali yapelekwe ndani ya miezi 6 tangu uamuzi. Hapo mtafute wakili, na barua zenye muhuri ndizo atakazoanza kukuomba. Vyombo vya habari vinaweza kusubiri, hasa kama jina lake bado lina alama ya kuuliza.

Wakikupa sababu kwa maandishi, iweke hapa, ila futa jina na namba yake ya mtihani. Wapo humu waliowahi kufanya kazi za udahili, wataisoma.